Konokono Mwenye Hereni

Masoko, Tukuyu
21 Januari 2024

Mama Anneth,

Marahaba ya shikamoo uliyoituma kwa mdomo wa mke wangu, mama yako Tulinagwe. Nami nakurudishia salamu kwa kalamu, maana unajua simu yenye sauti yako ndani siwezi kuiweka sikioni. Wenzangu hapa wananicheka. Wazee wa rika langu siku hizi wanakula meza moja na wakamwana wao na hawajapatwa na lolote. Mimi nililelewa kwamba baba mkwe na mkamwana hawaonani uso wala hawasikilizani sauti, na nimezeeka hivyo. Hata siku ya harusi yenu nilikaa nyuma ya nguzo ya kanisa, nikaona shela tu. Barua haina uso. Basi tuandikiane.

Sisi hatujambo. Mvua inanyesha kama ilivyozoea kutunyeshea. Yule ng'ombe mwekundu amezaa ndama jike, mzuri, ana miguu mirefu. Mama yako analalamikia magoti. Anneth ameng'oka jino la mbele na amelitupa juu ya bati mwenyewe, hakutaka kusaidiwa. Anakuulizia kila Jumapili, siku nyingine anasahau kwa sababu ya ndama.

Sasa nije kwenye lililonifanya nitafute kalamu. Danieli alipokuja Krismasi peke yake nilimuuliza mkewe anafanya kazi gani hasa huko Mafia. Akasema unazama baharini kushika konokono. Nikadhani ananitania. Akaapa. Mama Anneth, mtu amesomeshwa mpaka chuo kikuu akashike konokono? Hapa kwetu tukimkuta kwenye kabichi tunammwagia majivu na kutema mate. Niliwaza kwamba mikono iliyomwogesha mjukuu wangu ndiyo hiyo inayoshika ute, chai ikanishinda, nikaimwaga nje. Niandikie, unieleze ni kazi ya namna gani, labda nitapata usingizi.

Jambo jingine ni dogo. Nyuma ya nyumba, upande wa shimo la kuivishia ndizi, kuna harufu imeanza. Nafikiri ni panya amefia huko. Nitamtafuta.

Ni mimi baba yenu.


Kilindoni, Mafia
17 Februari 2024

Tata,

Shikamoo. Barua yako, baba yangu, ilikaa bandarini Nyamisati ikisubiri boti, bahari ilikuwa imechafuka. Nimefurahi kusikia habari za ndama na jino. Mwambie Anneth nimemnunulia viatu vyekundu na asivivalie zizini. Danieli hajambo. Injini za boti za kituo chetu cha hifadhi ya bahari zinamshughulisha, na siku za mapumziko anavuka kwenda Dar. Hanielezi sana anachofanya huko, nami simbani.

Umeniuliza kuhusu kazi, na nitakujibu bila kupamba. Konokono ninayemfuata si huyo wa kwenye kabichi. Gamba lake linaweza kuzidi urefu wa mkono wako kutoka kiwiko hadi ncha za vidole, lina madoa ya kahawia na meupe kama manyoya ya kanga. Watu wa visiwa vingine hulitoboa wakalipuliza kama tarumbeta. Ndani yake kuna nyama nzito ya manjano yenye mabaka, na pembe mbili zenye mistari myeusi. Hali majani. Anawinda.

Chakula chake ni kiti cha pweza, yule mnyama wa bahari mwenye mikono mingi kama nyota. Konokono ananusa harufu yake kwenye maji na kumfuata polepole. Yule akimhisi anakimbia, kwa mwendo wao huo wa ajabu, na mara nyingi anachelewa. Konokono anampanda na kumkandamiza kwa ule mguu wake wa nyama. Kisha anatoa mdomo mrefu kama bomba, ndani yake mna ulimi wenye meno kama tupa, anakereza ngozi mpaka itoboke. Anatia mate yenye sumu, mwili wa kiti cha pweza unalegea ukiwa bado hai, naye anaanza kula matumbo. Akimpata mdogo anammeza mzima halafu anatapika miiba baadaye. Mara ya kwanza kuliona jambo hilo nilitapika nikiwa bado majini, samaki wakaja kula matapishi yangu. Sikudanganyi kwamba nimezoea.

Lakini ungemwona anayeliwa. Kuna kiti cha pweza mwenye miiba mwili mzima, yeye analitoa tumbo lake nje kupitia mdomoni, analitandaza juu ya matumbawe yaliyo hai, anayayeyusha, anayafyonza, anaacha mifupa myeupe. Wakiwa wengi wanamaliza mwamba wote, na mwamba ukifa samaki hawana pa kuzalia. Wanaomwinda akiwa mkubwa ni wachache sana, na mmoja wao ni huyu konokono wangu. Naye anakua taratibu. Jike anataga mayai kwenye vifuko na kukaa juu yake akiyalinda, watoto wakitoka wanachukuliwa na mkondo miezi mingi kabla hawajatua. Watu wakishawatoa kwa ajili ya kuuza magamba, hawarudi upesi.

Ndiyo maana tunawahesabu na kuwafuatilia. Na hapo ndipo penye shida yangu. Tangu Novemba wale tunaowajua wanapotea. Bwana Ackson, mkuu wetu, ameanza kuuliza ni nani anazijua sehemu wanakolala. Mimi ndiye ninayezijua, Tata. Isipopatikana sababu, kazi hii itanitoka, na labda na zaidi ya kazi.

Msalimie mama. Nawaombea.

Mkamwana wako,
Prisca


Masoko, Tukuyu
16 Machi 2024

Mama Anneth,

Salamu. Sisi wazima, isipokuwa mimi niliisoma barua yako nikiwa na bakuli la uji mkononi. Uji aliunywa mbwa. Siku tatu nilikuwa nikifumba macho naona hilo bomba lenye ulimi wa tupa. Kosa lilikuwa langu, nilimsomea mama yako kwa sauti na mtoto akiwa mlangoni. Sasa Anneth anatambaa kwenye mikeka, anampanda bibi yake mgongoni na kumwambia alegee, ameshatiwa mate. Mama yako anacheka mpaka anasahau magoti. Mimi sicheki. Mungu aliumba vitu vingine siku aliyochoka.

Ile harufu niliyokuandikia imezidi. Nilichungulia darini, nikapekua kuni, panya hakuna. Si harufu ya panya tena, ni nzito, ina chumvi ndani yake, inakaa kwenye koo kama mafuta. Tulivumbika mkungu wa ndizi kwenye lile shimo kwa ajili ya wageni wa kanisa, tukatia moto wa moshi, tukafunika na majani na udongo kama siku zote. Siku ya kufukua, ndizi zilikuwa zimeiva vizuri kwa macho, manjano safi. Mzee Isakwisa, mzee wa kanisa wetu, ndiye alikaribishwa wa kwanza. Alimenya, akauma, akatafuna mara mbili. Kisha akasimama, akatoka nje bila kuaga, tukamsikia kwenye migomba anavyohangaika. Aliporudi, macho yana machozi, aliniuliza kwa upole tunaivishia ndizi na nini siku hizi. Aibu niliyoiona siku hiyo sijawahi kuiona tangu nizaliwe. Mkungu mzima nimeutupa, hata nguruwe wa jirani ameukataa.

Danieli alipiga simu juzi. Alizungumza na mama yake, akataka kuzungumza nami, tukazungumza.

Nina swali moja, la kutaka kujua tu. Sisi ng'ombe wetu serikali iliwavalisha hereni za plastiki za manjano zenye namba, na ng'ombe mwenye hereni anajulikana ana mwenyewe. Je, kiumbe kisicho na masikio kama huyo wenu kinavalishwaje hereni? Na akishavalishwa, ni mali ya nani?

Baba yenu.


Kilindoni, Mafia
7 Aprili 2024

Tata,

Shikamoo. Pasaka yangu ilikuwa kimya. Viatu vya Anneth nimevituma kwa basi, vipokeeni stendi Tukuyu. Nimefurahi mama anacheka.

Nimesimamishwa kazi. Ninakaa nyumbani nikisubiri kikao cha nidhamu kitakachokuwa mwezi wa sita. Wakiona mimi ndiye niliyewatoa wale konokono, nitafukuzwa, halafu nitapelekwa polisi, kwa sababu ni wanyama wa hifadhi.

Umeuliza swali la hereni. Tunawabandika gambani kwa gundi ngumu, kibati kidogo cha plastiki cha manjano chenye namba. Ni mali ya serikali na sisi ndio tunaowatunza. Hilo ndilo jibu.

Sasa nisamehe, nitasema kidogo zaidi ya inavyompasa mkamwana. Barua yangu ya Februari nimeikumbuka neno kwa neno. Niliandika kwamba tunawahesabu. Sikuwahi kukuandikia habari za hereni. Sijamwambia mama, sijamwambia mtoto. Huko Masoko hakuna bahari. Sikuulizi umeiona wapi, kwa sababu sitaki kukutia mahali ambapo utalazimika kunidanganya, na wewe si mtu wa kudanganya. Nakuambia tu kwamba kila chenye hereni hiyo ni ushahidi, na kwamba mtu mmoja tu anaweza kuokolewa nao.

Danieli yupo. Tunalala nyumba moja. Jioni anakaa akila na kunisikitikia, ananiuliza ni mshenzi gani huyo aliyenifanyia hivi. Kabla ya kula ananawa kwa sabuni, kisha kwa ndimu, kisha kwa sabuni tena. Hakuwa mtu wa kunawa hivyo. Na ndimu haisaidii. Ukishawatia mikono konokono waliooza, harufu inaingia chini ya kucha na kukaa, mimi naijua kuliko mtu yeyote. Anaponipitishia sahani nashika pumzi.

Mkamwana wako,
Prisca


Masoko, Tukuyu
2 Mei 2024

Mama Anneth,

Salamu. Mvua imekata barabara ya huku mara mbili. Mama yako alilala kitandani wiki nzima kwa homa, sasa anaamka. Ndama anakua. Viatu vimefika, vinabana kidogo, analala navyo.

Panya tumempata. Tumemzika mbali. Harufu imepungua.

Pole kwa matatizo ya kazini. Mwombe Mungu.

Baba yenu.


Kilindoni, Mafia
19 Mei 2024

Tata,

Shikamoo. Namshukuru Mungu mama ameamka. Viatu vikibana zaidi mpe binti wa jirani, nitanunua vingine.

Barua yako ilikuwa fupi nikaielewa yote. Panya hana hereni, Tata. Lakini nilisema sitauliza, na siulizi.

Nikueleze ya huku. Juzi wenzangu waliniruhusu niingie nao majini mara moja, kwa siri, kwa huruma. Nilikwenda ule mwamba niliokuwa nausimamia. Palipokuwa na konokono wangu sita wakubwa sasa pamejaa viti vya pweza wenye miiba, wamepandana, kila mmoja tumbo nje, na chini yao matumbawe yamekuwa meupe yanateleza ute. Maji yenyewe yalikuwa na mawingu ya kitu kama usaha. Nilitoka haraka. Sikuweza kula mpaka kesho yake, na safari hii si konokono aliyenichefua.

Maana nilipofika nyumbani Bwana Ackson alikuwa ananisubiri barazani. Alikuja kama rafiki, alisema haki yangu ni kujua. Akanipa karatasi nisome. Danieli ameandika maelezo kwa kamati. Ameeleza kwamba yeye kama fundi wa boti alikuwa akiniona mara kwa mara nikiwatia konokono kwenye mfuko wa wavu, kwamba alinionya kwa upendo, na kwamba inamuuma kuandika hayo juu ya mama wa mtoto wake. Ametia sahihi. Ninaijua ile sahihi, ipo kwenye cheti chetu cha ndoa.

Bwana Ackson alipoondoka Danieli alirudi, akauliza tunakula nini. Nikampikia. Niliketi nikamtazama anavyotafuna, taratibu, hana haraka, na mwili wangu ukalegea kweli, nikashindwa hata kunyanyua kijiko. Usiku huo nilihamia chumba cha wageni na kutia komeo.

Kikao ni tarehe kumi na tatu Juni. Wamenipa nafasi ya kuandika kwamba nilifanya uzembe, niondoke kimya bila polisi. Sijaandika. Sikuiba. Nikitoka hapa kwa jina la mwizi, Anneth atalibeba jina hilo mpaka aolewe.

Nimeyasema yote sasa. Sina la kuongeza.

Prisca


Masoko, Tukuyu
31 Mei 2024

Mama Anneth,

Salamu zako zimefika. Habari za nyumbani safari hii nitaziweka mwisho.

Panya hakuwepo. Danieli alikuja Krismasi na makreti matatu yaliyofungwa nailoni. Alisema ni vitu vya kazini, ni siri ya serikali, mkewe asiambiwe, yafichwe mahali pa baridi mpaka mnunuzi wa Dar atakapokuwa tayari kuyachukua. Mahali pa baridi hapa ni lile shimo. Tukayashusha humo wote wawili, tukayafunika kwa udongo, na mimi nikiwa najivuna kwamba mwanangu ana siri na serikali. Halafu nikasahau, nikavumbika ndizi juu yake, nikatia moto wa moshi. Kwa hiyo tuliwaivisha konokono na ndizi pamoja, na mzee wa kanisa akala.

Baada ya aibu ile nilifungua kreti la kwanza. Mama Anneth, nimewahi kutoa ndama aliyeoza tumboni mwa mama yake, mkono mpaka begani, sikutetereka. Hapo nilipiga magoti. Yale magamba mazuri uliyonisifia yalikuwa yamejaa uji mweusi, unatoka polepole kama unapumua, na funza wameogelea ndani yake mpaka wamenenepa. Nyama nyingine ilikuwa bado imejikunja huko ndani kabisa, imeng'ang'ania. Huko kwenu nasikia mchanga wa moto na sisimizi huyasafisha magamba. Hapa ni baridi na maji, kitu kinaoza kwa starehe zake. Gamba moja lilikuwa na hereni ya manjano chini ya ule ute. Zingine alikuwa amezibandua, hiyo hakuiona. Ndipo nikakuandikia lile swali, nikidhani ninakuwa mjanja.

Barua yako ya Aprili ilipofika niliyahamisha makreti nikayafukia chini kwenye migomba. Nilisema moyoni, damu ni damu. Nikakuandikia habari za panya.

Hii ya sasa nilipoimaliza niliipigia simu namba ya Danieli mwenyewe, mbele ya mama yake. Nikamwambia arudi kwa kamati akafute maneno yake. Akaniambia, "Tata, mwanamke anapatikana. Mwana kama mimi utampata wapi?"

Alisema kwa sauti ya kubembeleza, ile ya utotoni akitaka kitu. Nilitoka nje nikatapika kweli, mzee mzima, nimeshika ukuta. Yule wenu wa baharini anakula adui wa mwamba. Huyu wangu anakula wa nyumbani kwake, na kula kwenyewe anabembeleza.

Nimeyafukua makreti. Nitayaleta mwenyewe, nitasema nilichokiona. Nasikia nitakuwa chumba kimoja na wewe. Sijui hayo yatakuwaje, nitajua nikifika.

Za nyumbani: Anneth hajambo. Mama yako ameniambia nikimtoa mwanawe nisirudi chumbani kwake. Nimehamishia blanketi langu sebuleni.

Baba yenu.


Kilindoni, Mafia
20 Juni 2024

Tata,

Shikamoo. Natumaini ulifika salama na kwamba Anneth hajambo.

Siku ile uliondoka bila kula. Nilikuwa nimeacha wali kwa mke wa Bwana Ackson akuandalie, akaniambia ulimshukuru ukasema chakula hakipiti. Ameniambia pia jinsi mabasi mawili yalivyokukataa kwa sababu ya mzigo, na jinsi watu wa boti walivyokupeleka nyuma peke yako, na kwamba uliposhuka gatini watu walikupisha wakiziba pua, nawe ukatembea katikati yao umenyoosha shingo. Hukuniandikia hayo, nikajua hutaniandikia.

Nayaandika ya kikao kwa sababu hukuyaona, ulikuwa umetugeuzia kisogo. Uliingia ukiangalia chini, ukachukua kiti, ukakigeuza kielekee ukutani, ukakaa. Wajumbe wakatazamana. Mwenyekiti ni mtu wa Pwani, hajui mambo yetu. Alidhani ni dharau, akakuambia, "Mzee, geuka umtambue huyu mama." Nilitaka kumweleza, nikakumbuka kwamba nikifungua mdomo utaisikia sauti yangu, nikanyamaza.

Ukamjibu ukiutazama ukuta, "Sitageuka. Huyu ni mkamwana wangu, sijawahi kumwona uso. Aliyeleta makreti haya nyumbani kwangu namjua uso tangu alipozaliwa. Amekaa pale, ni mwanangu."

Ukanyoosha mkono nyuma bila kutazama, na ulimwelekea Danieli sawasawa. Danieli alitabasamu, akawatazama wajumbe mmoja mmoja kama anayeomba wasimsikilize mzee. Kisha kreti likafunguliwa, harufu ikatoka, mwenyekiti akakimbilia dirishani. Danieli peke yake hakuziba pua. Hapo kila mtu alielewa.

Mabega yako yalikuwa yanatikisika, Tata. Hilo nililiona mimi tu, kwa sababu wengine walikuwa wanatapika.

Nimerudishwa kazini. Danieli yuko mahabusu. Nimekwenda kwa mchungaji kuomba kutengana naye, amenishauri nivumilie. Nimemwambia siwezi. Mkono ule ukinigusa nitaanza kutafuta ndimu. Sitabadilisha uamuzi.

Lakini nikishatengana naye sijui nitakuwa nani kwako, wala kama nitakuwa na haki ya kuandika neno hili ninaloanzia barua. Julai nina likizo, ningependa kuja kumwona mtoto. Nitapita mlango wa nyuma kama siku zote. Niambie tu ni saa ngapi unakuwa kwa ng'ombe, nisikukwaze.

Prisca


Masoko, Tukuyu
4 Julai 2024

Prisca,

Mtoto mzima. Jino jipya limechungulia. Mama yako amesafiri kwenda kumwona Danieli, hakuniaga, alibeba maharage na sweta. Sikumzuia, ni mwanawe. Akirudi atakupikia hata kama bado hasemi nami.

Lile shimo nimelifukia. Mikono yangu inanuka mpaka leo, nakula kwa kijiko kama mgonjwa, na nikimkumbuka yule konokono wako bado natema mate. Usinitumie tena habari zake.

Umeuliza utakuwa nani kwangu. Mambo ya ndoa ni yako na mchungaji, mimi siyaingilii. Nilimtoa mwana wa kiume mbele ya watu na nimebaki nikiwaza kama nina mwingine.

Uje wiki utakayopenda. Kwa ng'ombe sitakwenda siku hiyo, nitamwomba jirani. Usipite nyuma, pita mlango wa mbele. Nitakuwa nimekaa sebuleni, ninatazama mlangoni.

Abeli